Kikombe Kidogo, Maji Makali

Hakuwa mtu wa kubisha hodi kwa mkono. Aliupiga mlango wangu kwa ncha ya kiatu, kwa kuwa mikono yote miwili ilikuwa imekumbatia mtungi wa kioo, na ukichelewa kufungua alianza kuongea nawe akiwa bado nje, kama watu walioachana jana katikati ya maneno. Tulitazamana milango, ghorofa ya juu, katika maapatimenti ya Sharpstown yenye ngazi za chuma ambazo zinakutangaza kwa mtaa mzima ukipanda. Mimi nilikuwa Mkenya, mwanafunzi wa uuguzi, nimechoka kila siku ya Mungu. Yeye alikuwa mama aliyekuwa akianza kuzeeka, mtu wa milima ya Kivu, aliyefika Houston na mumewe na binti yao baada ya miaka mingi ya kambi. Jina lake nilikuwa nalo kwenye simu. Kinywani sikulitumia hata mara moja. Nilimwita Mama Jirani, na hata nilipohamia Fort Worth nikawa jirani wa watu wengine kabisa, yeye ndiye aliyebaki na cheo hicho.

Siku hizi watu wetu wakimtaja wanamtaja kwa jambo moja tu, tena kwa sauti ya chini, wakishaangalia kama watoto wako mbali. Inanichoma. Mtu ana maisha mazima, halafu yanakunjwa yanatiwa ndani ya Jumatatu moja. Jambo lenyewe nitalisema, sitalificha, lakini litangoja zamu yake.

Kilichokuwa mtungini ni maji ya mboga. Namaanisha hivyo hivyo, maji. Alichukua kabichi, na mchicha ambao yeye aliuita lenga-lenga, pamoja na mabua yake ambayo sisi wengine tunatupa, na baadaye, alipoyazoea masoko ya Houston, akaongeza bitiruti, vile viazi vyekundu vinavyochafua kila kitu. Alivikatakata, akavisugua kwa chumvi mpaka vikatoa jasho, akavishindilia mtungini, akajaza maji yaliyochemshwa na kupoa, akaweka jiwe juu ili jani lisielee, akafunika kwa kitambaa. Halafu aliviacha. Siku zikipita vilianza kutoa povu, na harufu, wacha tu. Akiona vimeiva, alichuja. Majani aliyatupa, kwao, alisema, yalikuwa ya nguruwe. Alichobaki nacho ni maji mekundu, machachu, yenye chumvi, yanayokukunja uso kwanza na kukutuliza tumbo baadaye. Kila mara alibakiza kikombe kimoja cha mtungi wa zamani na kukimimina katika mtungi mpya. Kikombe hicho alikiita mbegu.

Tusije tukawasingizia watu, hiyo si desturi ya Wakongo wote. Wakongo wenzake kanisani waliyashangaa maji yale kama nilivyoyashangaa mimi. Ilikuwa desturi ya mama yake na ya kilima chao, mahali penye baridi na kabichi nyingi, ambapo kila nyumba ilikuwa na chungu kimoja kisichooshwa. Chungu kilibaki huko siku walipokimbia. Maji aliyaanza upya kambini, kwenye ndoo, na Houston akayaanza upya tena. Alikuwa akisema kwamba nchi zote alizokaa zina chumvi na zina majani, kwa hiyo hakuna nchi iliyomshinda.

Hakuyanywa tu. Alipikia. Dagaa wakavu, ambao kwake ni ndakala, hakuwatia nyanya wala limau. Aliwamwagia kikombe cha maji yale na kuwafunika. Maharagwe yakikaribia kuiva yalipata kikombe chao. Hata kuku wa dukani, yule mnene asiye na ladha ya kitu chochote, alilazwa humo akaamka ana akili. Nilipopika mimi, na sipiki vibaya, alionja, akaenda kwake kuchukua mtungi. Hakusema chakula changu ni kibaya. Alikitengeneza tu mbele ya macho yangu, huku akiniuliza habari za masomo.

Alikuwa na misemo yake, mingine aliitunga papo hapo. Kuhusu chumvi alisema: mkaribishe kama mgeni, lakini usimpe kitanda. Kuhusu vijana wanaokunywa vile vinywaji vya makopo vya kuamsha mwili kabla ya shifti, alisema wanakopa nguvu za kesho na kesho yenyewe hawajaiona. Hilo lilinihusu mimi, na alihakikisha nimelisikia. Vijiko vya kupimia nilivyomnunulia sikukuu moja alivitundika ukutani kama mapambo. Alipima kwa kiganja, na kiganja hakikukosea, au kikikosea Mzee alisema.

Mzee, mume wake, ndiye aliyekuwa mwonjaji. Mtu mrefu, mpole, mwenye sauti mbaya ya kuimba kuliko zote nilizowahi kusikia ndani ya kanisa la Mungu, na aliimba kwa moyo wote. Alifanya kazi kwenye ghala moja la vitu vya friji mpaka miguu ikakataa. Hakuna mtungi uliotoka nyumba ile kabla ya kupita kwenye ulimi wake. Alionja akiwa amefumba macho, Mama Jirani amesimama mbele yake, mikono kiunoni, na alikuwa na majibu mawili tu: bado, au tayari. Nilimwona mama huyo akibishana na mchungaji, na meneja wa apatimenti, na polisi wa barabarani kupitia kwa binti yake. Lakini Mzee akisema bado, alirudisha mtungi kabatini bila neno.

Nilipojifungua mtoto wangu, nilirudi kutoka hospitalini nikamkuta ameshaingia kwangu, ameshafagia, ameshanipangia kitanda upya kwa sababu kilivyokuwa kilikuwa kinatazama mlango na yeye hakupenda. Mzazi kwao hupewa maji ya mboga asubuhi na jioni, ili damu irudi na maziwa yashuke. Nilikataa. Nilimpa sayansi yangu yote ya darasani, chumvi, shinikizo la damu, bakteria. Alinisikiliza mpaka mwisho, ameshika kikombe. Kisha akaniambia ninywe, au atamwita Mzee aje aniimbie. Nikacheka mpaka mshono ukauma, nikanywa. Maziwa yalishuka, na kama ni kwa ajili ya maji yale au yangeshuka tu, mimi sijui, na sikutaka kujua. Mtoto mwenyewe sasa ana miaka kumi na kitu, na ukimtajia anajibu kwa Kiingereza kwamba yalikuwa yananuka soksi.

Habari zikaenea, kwa kuwa sisi watu wa huku tunaenezeana. Wanawake waliojifungua Fort Worth walimpigia simu Sharpstown. Yeyote aliyekuwa akienda upande wa Dallas alibebeshwa mitungi. Mchungaji alibeba miwili kwenye buti ya gari siku ya joto, na mama alikuwa amefunga vifuniko kwa nguvu kwa heshima ya mchungaji, asije akachafuliwa gari. Maji yanayochacha hayafungwi hivyo, na yeye alijua kuliko sisi wote, lakini heshima ilimzidi. Mtungi ulipasuka katikati ya barabara kuu. Mchungaji alidhani ni tairi, akasimama pembeni, akazunguka gari lote akipapasa magurudumu, mpaka alipofungua buti akakuta vitabu vya nyimbo ni vyekundu. Aliuza gari lile mwaka uliofuata na hakumwambia mnunuzi kitu. Mama Jirani aliomba msamaha mbele ya kanisa zima huku akizuia kicheko, na kicheko kikamshinda.

Sasa, mkarimu namna hiyo, mbegu hakumpa mtu. Mitungi iliyochujwa alitoa bure, kwa yeyote, hata kwa watu waliomsengenya. Lakini kikombe kile cha kuanzishia, hapana. Nilimwomba miaka na miaka. Nilimwambia nahama, Fort Worth si karibu, nitafanyaje? Alinijibu kwamba nikiwa na mbegu yangu sitakuwa na sababu ya kupanda ngazi zake. Nilimwambia nitakuja tu hata bila sababu. Alinitazama kwa huruma, kama mtu anayemsikiliza mtoto akiahidi atanunua ndege. Watu wote aliowapenda maishani mwake, akasema, waliondoka mahali ambapo hawakuwa na haja napo tena. Nilipohama nilirudi mara nyingi kweli, na kila mara nilitoka na mtungi.

Alimwogopa Mungu, lakini wakati wa maombi hakufumba macho. Nilimuuliza, akasema alifumba mara moja kanisani, kule Kivu, na alipofumbua watu walikuwa wanakimbia.  Yeye na Mzee walizaa watoto wengine kabla ya binti yao. Huyo tu ndiye aliyefika nao. Alikulia kambini na Houston, akasoma kazi ya kulea wazee, akahamia Cedar Hill, kule upande wa Dallas, akanunua nyumba yenye gereji. Alikuwa mkimya kama baba yake na mkali kama mama yake. Alimpenda baba kwa namna ambayo ilikuwa dhahiri hata kwa mgeni. Akipiga simu alisema na mama kuhusu mambo, halafu akaomba apewe Mzee, na hapo sauti ilibadilika.

Basi. Figo za Mzee ziliharibika. Sukari na presha zilikuwa zimemla polepole miaka yote, na hakusema kitu mpaka alipoanza kuvimba. Walimweka kwenye mashine, mara tatu kwa wiki, kusafishwa damu. Mama Jirani aliyekuwa akiziogopa hospitali alijifunza basi la kwenda kliniki, mlango wa kuingilia, majina ya manesi, kiti anachokipenda Mzee. Kliniki walimweleza chakula kwa mkalimani wa simu, wakaeleza vizuri, naye alielewa. Mboga za majani hapana. Bitiruti hapana. Chumvi kidogo sana. Na maji, maji hasa, mgonjwa asinywe zaidi ya kidogo tu kwa siku, kwa sababu hayatoki.

Aliyafuata maagizo hayo. Hiki ndicho watu hawataki kukisikia. Aliyafuata yote, kwa namna yake. Majani hakumpa hata jani moja; alikuwa akiyatupa, kama alivyokuwa akiyatupa maisha yake yote. Kwake mboga ni kile unachotafuna. Maji yaliyochujwa hayakuwa mboga, yalikuwa dawa, ndiyo aliyowapa wazazi na wagonjwa tangu akiwa msichana, na mama yake kabla yake. Na Mzee aliyaomba. Chakula cha kliniki kilikuwa kimemuua ulimi, alilala njaa, akakonda, akaacha kuimba. Akamwambia mkewe kwamba akinywa kidogo tu ya yale maji atapata nguvu ya kula hivyo vingine.

Lakini walikuwa wamesema maji yapunguzwe. Kwa hiyo alipunguza. Aliacha kikombe kikubwa, akatafuta kile kikombe kidogo cha plastiki kinachokuja na dawa ya kikohozi, yeye ambaye hakuwahi kupima kitu. Na ili hicho kidogo kimtoshe mume wake, alijaza mtungi majani mara mbili na bitiruti mara mbili, akatia maji machache, akayaacha yachachuke zaidi ya kawaida, na yalipokuwa tayari akayachemsha kwa moto mdogo yapungue mpaka yakawa mazito, karibu meusi. Nguvu ya mtungi mzima ndani ya kikombe kidogo. Fikiria akili iliyoingia humo. Fikiria na mapenzi.

Mimi ni nesi, kwa hiyo nitaeleza mara moja na basi. Ndani ya majani na bitiruti kuna madini, potasiamu. Yakilowekwa, madini yanatoka yanaingia kwenye maji. Mtu mwenye figo nzima anayakojoa. Mtu asiye na figo yanabaki kwenye damu yakingoja mashine, na yakizidi kabla ya mashine, moyo unasimama. Kutoka mashine ya Ijumaa mpaka ya Jumatatu ndiyo nafasi ndefu kuliko zote za wiki. Aliyapika mpaka maji yakapungua, na madini hayaondoki na mvuke.

Mzee alikufa Jumatatu asubuhi akivaa viatu vya kwenda kliniki.

Binti alifika kutoka Cedar Hill akiwa bado na sare ya kazi. Daktari aliuliza mzee amekuwa akila nini, akinywa nini, na mama akajibu bila kuficha chochote, tena kwa fahari kidogo, kwamba alimpa kidogo sana, akaonyesha kwa vidole udogo wa kikombe. Daktari hakumlaumu. Alieleza taratibu, kwa Kiingereza, na binti ndiye aliyetakiwa kutafsiri. Hakutafsiri. Alisimama pale, mama yake akimtazama mdomo, akingoja. Halafu alisema kwa Kiswahili cha kwao, ili isipotee hata herufi, "Mama, njo weye ulimuua."

Nilikuwepo mlangoni. Nilikuwa nimeendesha kutoka Fort Worth bila kusimama, na hilo ndilo neno la kwanza nililolikuta.

Kwenye matanga watu walikuja wengi, wakaimba, wakachanga. Mama Jirani, kwa mazoea, alitoa mitungi iliyokuwa kabatini ili wageni wanywe. Vikombe vilipangwa mezani. Hakuna aliyegusa. Wanawake walionyweshwa maji yale siku walizojifungua, wanawake ambao watoto wao walikuwa wakikimbia kimbia humo ndani, walisema ahsante mama, nimeshiba. Alivizungukia vikombe vile, akavitazama kimoja kimoja, kisha akavimwaga kwenye sinki. Siku hiyo ndipo nilipoona mgongo wake umeinama.

Binti akamchukua Cedar Hill. Hapo lazima nimpe haki yake: hakumwacha. Alimpa chumba chenye dirisha, dawa ya presha, chakula, bima, koti la baridi. Kitu alichomnyima ni neno. Salamu ya asubuhi, ndiyo. Umekunywa dawa, ndiyo. Zaidi ya hapo hakuna. Nilijaribu kuingilia, nikaambiwa kwa adabu kwamba nina wazazi wangu mwenyewe. Mama naye alianza kupungua, na hakuna ugonjwa uliopatikana. Nilipompigia simu aliniuliza habari za mtoto, akasikiliza, akasema sawa, akakata. Mtu aliyekuwa akiongea kupitia mlango uliofungwa! Nililia siku nyingi kwa ajili yake kuliko nilivyolia kwa Mzee, na nadhani Mzee angenielewa.

Miaka miwili hivi ikapita. Siku moja binti ndiye aliyenipigia. Alisema mama ana neno, amemwomba kikao, na ameomba mimi niwepo. Alisema amekubali. Alisema, na hapo sauti yake ilikuwa kama ile aliyokuwa akiongea na baba yake, kwamba amechoka, kwamba nyumba ni kubwa na kimya kimemshinda, na kwamba mama akisema neno lolote, lolote lile, yeye atajaribu. Angetoka kazini saa kumi. Nilichukua siku ya mapumziko, nikafika mapema.

Mama Jirani alinifungulia akiwa amevaa kitenge chake kizuri, ameoga, amejipaka mafuta. Nilidhani nitakuta mgonjwa, nikamkuta ana macho ya zamani. Hakunikalisha. Alinishika mkono akanipeleka gereji, tukapita masanduku na mashine ya kufulia, mpaka nyuma ya matairi ya zamani, akaondoa blanketi. Mtungi ulikuwa pale. Maji meusi. Juu ya kifuniko kikombe kidogo cha plastiki kimefunikwa tishu safi.

"Njo ile ile," akaniambia. "Majani mara mbili. Nachemsha mpaka inakuwa nzito. Mi nakunywaka kila asubui, kikombe ile ile, tangu siku alinileta hapa."

 Nilimuuliza kwa nini.

Alinieleza kwa utulivu, kama mtu aliyefanya mazoezi. Mwanzoni alikunywa ili afe. Alisema hivyo bila haya. Kama maji yalimuua Mzee, yamuue na yeye, wawe sawa, binti apumzike. Alijilaza kila asubuhi akangoja. Wiki zikapita, miezi, hakuna kitu. Presha ilipanda kidogo, basi. Na siku moja, akiwa amelala pale akingoja, akaona jambo. Kama hayamuui, basi si maji. Alikaa kitandani akalifikiria mpaka jua likazama. Tangu hapo hakunywa tena ili afe. Alikunywa ili awe na ushahidi, na akaamua kuendelea muda mrefu wa kutosha mtu yeyote asije akasema ni bahati. Sasa ulikuwa umetosha. Alichohitaji ni mimi.

"Weye uko nesi. Mi nikisema, atasema mama ni mujinga. Ukisema weye, atasikia. Umwambie tu: kama iko sumu, mbona mama angali anaishi?"

Alikuwa akitabasamu. Nasema ukweli wa Mungu, alikuwa akitabasamu, na kitenge kile kizuri alikivaa kwa sababu hiyo.

Nilikaa juu ya sanduku. Ningeweza kumwambia sawa, mama. Lakini binti alikuwa ametafsiri maneno ya daktari kichwani mwake siku ile, neno kwa neno, na angeikata hoja hiyo katika sekunde moja, usoni pa mama, na mimi nimekaa pembeni nikiitikia. Nilifikiri ni afadhali mama alisikie neno hilo kwa mtu anayempenda. Mpaka leo ndivyo ninavyofikiri, na haijanisaidia kulala.

Nikamwambia, "Mama, figo zako ni nzima. Unachokunywa asubuhi, mchana umeshakikojoa. Yeye hakuwa akikojoa. Kilibaki."

"Kilibaki wapi?"

"Kwenye damu. Mpaka moyo ukasimama."

Alirudisha tishu juu ya kikombe, akainyoosha pembe zake.  Nje mtu alikuwa akikata nyasi kwa mashine. Kisha akauliza swali ambalo hakuna mtu aliyewahi kumuuliza daktari, kwa sababu hakuna mtu mwingine aliyejua namna maji yale yalivyopikwa.

"Na kama ningemupa yale ya zamani, yale mepesi? Kikombe kimoja ya kawaida?"

Ningetoa chochote nisijue jibu. "Yangemvimbisha," nikasema. "Yangemdhuru polepole. Pengine asingekufa Jumatatu ile."

"Kwa hiyo njo kupunguza."

"Ndiyo, mama. Ni kule kuyapunguza."

Hakulia. Aliufunika mtungi kwa blanketi, akalivuta vizuri mpaka chini, akaegemea tairi. Alisema alikuwa na neno moja tu la kumwambia mwanawe, amelilea miaka miwili, na sasa hana. Nilimwambia anaweza kumwomba msamaha tu, hivyo hivyo, bila ushahidi. Kwamba binti ameshalainika, yuko tayari kupokea chochote. Akanijibu kwamba msamaha unaombwa na mtu aliyekosa bila kukusudia, na yeye alikusudia kila kikombe. Alikusudia kiwe kikali. Nikajaribu kubishana, nikaona siongei na mtu.

Tukasikia gari. Tulirudi jikoni tukakaa mezani kama wageni wawili. Binti aliingia, akavua viatu, akanisalimia, akanawa mikono kwa muda mrefu kama tunavyonawa sisi wa kazi hizi. Kisha akavuta kiti, akakaa karibu na mama yake, karibu kuliko nilivyotarajia. Alikuwa amejiandaa kwa jambo hili. Aliweka mikono yake mezani, wazi.

"Haya, mama," akasema. "Nimekuja kusikiliza. Sema tu."

Mama Jirani alifungua mdomo, akanitazama mimi, akaufunga.  Binti akasogeza mkono wake mbele kidogo.

"Nilitaka kuuliza," mama akasema, "kama umekula."

Binti alimtazama, kisha akanitazama mimi, akitafuta kama kuna kinachofuata. Nilitazama meza. Akasema amekula kazini, akachukua mkoba wake, akaenda chumbani, na mama yake akainuka kuwasha jiko.